Mpira wa Kiungani

Na mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Wasomaji wa gazeti letu, muhula uliopita nilifanya kosa dogo ambalo limenisomesha historia zaidi ya mtihani wowote niliowahi kuufanya.

Mimi si mchezaji. Miguu yangu haina bahati na mpira, na jambo hili wenzangu wa dakhalia wanalijua vizuri. Kazi niliyopewa katika timu ya skuli ni kushika daftari: kuandika nani kacheza, nani kafunga na dakika ya ngapi, kisha Jumatatu asubuhi kuyasoma hayo mbele ya skuli nzima. Basi siku moja tulicheza na wageni, mambo yakawa magumu, na kapteni wetu akaumia kifundo cha mguu. Akaingizwa kijana wa Kidato cha Kwanza ambaye sote tulizoea kumwita kwa jina la utani tu. Hakukaa uwanjani hata dakika kumi akafunga goli. Jina lake hasa nilikuwa silijui, na kuuliza niliona haya, kwani mwandishi wa timu hutazamiwa ajue. Nikaandika "akiba". Jumatatu nikasoma: "Goli la pili limefungwa na akiba." Watu wakacheka sana. Usiku, baada ya masomo ya jioni, yule kijana akanijia kitandani kwangu akasema taratibu, "Kaka, kwani mimi sina jina?"

Sikuwa na la kumjibu.

Nilipokwenda nyumbani Mpendae kwa likizo nilikuwa nimebeba mambo mawili: suali hilo, na kazi ya mwalimu wetu wa historia, aliyetutaka kila mmoja aandike habari ya jambo la kale lililotokea karibu na kwao. Wenzangu wengi walichagua Beit el Ajaib au Ngome Kongwe. Kwetu Mpendae hakuna kasri. Kuna nyumba, maduka, misikiti, na watoto wanaocheza mpira kila panapopatikana nafasi ya kuweka mawe mawili yawe mlango wa goli. Nikamwuliza babu yangu, mpira huu hapa Unguja ulianzia wapi? Akanijibu bila ya kufikiri, "Kiungani, kwa watu wa misheni. Si hapo tu, ukishuka upande wa baharini?"

Nilikwenda kwa miguu, maana si mbali. Kiungani iko kusini ya Mji Mkongwe, upande wa pwani, katika njia ya kwendea Mbweni. Jina lenyewe linajieleza: kiunga ni pembezoni mwa mji, mahali pa mashamba na miti ya matunda. Leo mji umekwisha kupita hapo na kwenda mbele, lakini zamani mtu aliyetoka Shangani kwenda Kiungani alihesabika ametoka mjini.

Sasa nieleze kwa utaratibu, kwani bila ya kujua wale vijana walikuwa nani, habari ya mpira wao haina uzito.

Mwaka 1857 Dr. David Livingstone alihutubia Cambridge, Uingereza, akawataka watu wa vyuo waje Afrika. Kwa ajili ya hotuba ile walimu na wanafunzi wa vyuo vikuu wakaanzisha misheni ambayo baadaye ilijulikana kwa herufi zake nne, UMCA. Safari yao ya kwanza, ya kwenda upande wa mto Shire, ilikuwa ya msiba. Askofu wao, Mackenzie, alikufa kwa homa mwaka 1862. Aliyemfuata, Askofu Tozer, aliona heri kuanza tena mahali penye bandari na njia za kufika bara, akaja Unguja mwaka 1864 pamoja na Dr. Steere, yule yule aliyeandika vitabu vya kufundishia Kiswahili. Walipofika, Sultan Seyyid Majid aliwapa watoto watano wanaume waliokamatwa katika jahazi la watumwa. Watoto hao watano ndio shina la skuli. Mwanzoni walikaa Shangani, kisha katika miaka hiyo hiyo ya 1860 skuli ya wavulana ikahamishiwa Kiungani, na ikaitwa Chuo cha Mtakatifu Andrea.

Msomaji akumbuke kwamba wakati ule soko la watumwa lilikuwa bado liko wazi Mkunazini. Halikufungwa mpaka tarehe 5 Juni 1873, Seyyid Barghash alipotia saini mkataba na Waingereza. Siku ya Krismasi ya mwaka ule ule misheni ikaweka jiwe la msingi la kanisa mahali hapo hapo. Lakini kufunga soko si kumaliza utumwa. Sheria ya kuuondoa utumwa wenyewe ilitoka Aprili 1897, wakati wa Seyyid Hamoud, na hata hiyo ilikuwa na vizuizi vyake. Maana yake ni kwamba kwa zaidi ya miaka thelathini palikuwa na vijana wa Kiungani waliokuwa huru, wanasoma na kuandika, na mwendo wa nusu saa kutoka kwao wapo vijana wa umri wao huo huo, pengine waliotoka kijiji kimoja, ambao ni mali ya watu.

Walikuwa Wayao, Wamakua, watu wa Nyasa na makabila mengine mengi ya bara. Baadhi yao walichukuliwa wadogo mno. Lugha ya kusemeshana ilikuwa Kiswahili, ambacho wote walijifunza ukubwani kama sisi tunavyojifunza Kiingereza. Walifundishwa dini, hesabu, useremala na uchapaji, na baadhi ya vitabu vya mwanzo vya Kiswahili vilivyopigwa chapa hapa Unguja herufi zake zilipangwa kwa mikono ya vijana hao. Mwaka 1887 kilitolewa London kitabu kilichoitwa Kiungani, ambamo A. C. Madan, aliyekuwa mwalimu wao, alikusanya na kutafsiri hadithi na habari zilizoandikwa na wanafunzi wenyewe, na miongoni mwake habari za jinsi walivyokamatwa na kuuzwa. Mtoto wa skuli anaandika insha kuhusu namna alivyouzwa! Mimi nilipofikiri haya nililitazama daftari langu la insha, lenye "Safari ya Ajabu" na "Siku Nisiyoisahau", nikalifunga.

Majina yao yana habari pia. Wawili katika wale watano wa mwanzo walikuwa John Swedi na George Farajallah, waliopewa daraja ndogo ya ushemasi mwaka 1870. Mwengine aliyepitia Kiungani ni Cecil Majaliwa, Myao, aliyekuwa kasisi mwaka 1890, Mwafrika wa kwanza wa misheni ile kuifikia daraja hiyo. Tazama majina hayo: la mbele ni la Kizungu, alilopewa mtu alipobatizwa, la nyuma ni letu. Farajallah ni faraja ya Mwenyezi Mungu. Majaliwa ni yale mtu aliyojaaliwa. Jina alilopewa na mama yake huko bara halimo katika yote mawili.

Tuje kwenye mpira.

Walimu wa Kiungani walitoka Uingereza wakati ambapo mchezo huu ulikuwa mpya hata kwao. Chama cha mpira cha Uingereza kiliundwa London mwaka 1863, mwaka mmoja tu kabla ya Tozer kushuka bandarini kwetu. Katika skuli za mabweni za Waingereza michezo ilihesabiwa kuwa sehemu ya malezi. Waliamini kwamba kijana akikimbia alasiri usiku hatagombana. Sisi tunaokaa dakhalia tunaweza kuwa mashahidi wa jambo hili, ijapokuwa nimewaona wanaokimbia alasiri na usiku wakagombana vile vile. Hivyo walileta kriketi na walileta mpira. Kriketi inataka gongo, vijiti, pedi na subira nyingi. Mpira unataka mpira. Kabla ya karne ya 19 kwisha mchezo huu ulikwisha kuota mizizi Kiungani, nao wakicheza miguu mitupu.

Neno lenyewe, mpira, ni la zamani kuliko mchezo. Mpira ni ule utomvu unaotoka katika mti na kukaza, na bidhaa hiyo ilikuwa ikiletwa kutoka bara na kupitia bandari ya Unguja kwa wingi katika miaka ile. Kwa hivyo kijana wa Kiungani alikuwa analijua neno na analijua gundi lenyewe kabla ya kukiona kile kitu cha mviringo cha ngozi, chenye kibofu cha mpira ndani, kilichotoka Ulaya. Ndiyo maana watu wengine wakauita gozi.

Na asidhani mtu kwamba ulichezwa kama tunavyouona leo katika televisheni. Milango ilikuwa ya upana ule ule, yadi 8, lakini nyavu hazikuwapo mpaka kiasi cha mwaka 1891, kwa hivyo mpira ukipita kwa kasi watu hubishana kama umepita ndani au nje. Penalti nayo iliingia katika sheria mwaka 1891. Golikipa aliruhusiwa kuushika mpira kwa mikono popote katika nusu yake ya kiwanja, mpaka sheria ilipobadilishwa mwaka 1912 akafungiwa ndani ya eneo la penalti. Golikipa wetu alipoyasikia haya alisema amezaliwa amechelewa. Mpango uliopendwa ulikuwa fulbeki wawili, hafubeki watatu na fowadi watano mbele, mpango ambao wazee wetu wengi wanaukumbuka, kwani uliendelea mpaka siku zao.

Wapinzani wao walikuwa nani? Hapa ndipo habari iliponishika. Skuli nyengine za kuchezesha mpira hazikuwapo. Walikuwapo Waingereza wa kampuni ya simu, ambayo waya wake wa chini ya bahari kutoka Aden ulifika Unguja mwaka 1879. Na walikuwapo mabaharia wa manowari za Kiingereza zilizotia nanga bandarini.

Msomaji, zifikiri manowari hizo. Tangu mwaka 1874, kwa muda wa kiasi cha miaka kumi, palitiwa nanga hapa manowari kubwa iitwayo London, na kazi yake ilikuwa kupeleka mashua zake pwani kuyawinda majahazi ya watumwa. Baharia ndiye aliyekuwa akiruka ndani ya jahazi na kuwatoa watoto waliolazwa humo kama magunia. Kijana aliyepelekwa misheni kwa njia hiyo huenda kumbukumbu yake ya kwanza ya Mzungu ni mkono uliomnyanyua. Amenyanyuliwa, amehesabiwa, ameandikwa katika orodha ya waliookolewa, amepelekwa kwa watu wengine wamlishe na wamvishe. Vyote hivyo ni wema, nami siudharau. Lakini katika vyote yeye hakufanya kitu, alifanyiwa.

Sasa miaka imepita. Kijana wa Kiungani anasimama kiwanjani, saa kumi alasiri, mbele ya mabaharia. Hawa wana mabuti, yeye miguu mitupu. Hawa ni wazito, yeye ni mwepesi. Kumi na mmoja huku, kumi na mmoja kule, refa katikati. Ikiwa baharia anauchukua mpira kwake, hana haki ya kusikitikiwa. Na ikiwa yeye anauchukua kwa baharia, hana haja ya kushukuru. Nimejaribu kutafuta mahali pengine katika Unguja ya wakati ule ambapo mtu aliyetoka utumwani na Mzungu walisimama chini ya sheria moja na mwisho wake ukahesabiwa kwa tarakimu, nisipate. Sokoni, barazani, baharini, hata kanisani, kila mmoja alikuwa na mahali pake alipopangiwa. Kiwanjani ulipangiwa mahali kwa sababu ya unavyocheza. Mtu huwekwa fulbeki kwa kuwa ana nguvu za kuupiga mbali, si kwa kuwa babu yake alikuwa nani.

Nilipomweleza mwalimu wetu haya aliniambia nisijidanganye. Kipenga kikilia mwisho, baharia alirudi katika manowari yake na dola lake likabaki pale pale. Mwaka 1890 Unguja ikawekwa chini ya himaya ya Waingereza, na hakuna goli lililozuia. Nakubali. Dakika tisini hazibadilishi nani anatawala. Lakini nadhani zinaweza kumbadilisha aliyecheza, na yeye ndiye ninayemwandikia habari yake.

Mwalimu huyo huyo ndiye aliyenionyesha kwamba habari hii ina ndugu yake mbali sana, Marekani. Huko utumwa ulikomeshwa kwa sheria mwaka 1865, na mara baada yake makanisa yakafungua vyuo kwa ajili ya watu weusi waliokombolewa na watoto wao. Kimoja ni Biddle, kilichoanzishwa mwaka 1867 katika mji wa Charlotte. Siku hizi kinaitwa Johnson C. Smith. Chengine kilianzishwa mwaka 1879, nacho kiko katika mji wa Salisbury, na jina lake ni Livingstone. Naam, ni Livingstone yule yule ambaye hotuba yake ilizaa Kiungani, aliyekaa Unguja kabla ya safari yake ya mwisho, na ambaye maiti yake ilipitishwa hapa mwaka 1874 kupelekwa kwao. Mwanawe, Robert, alikwenda Marekani akapigana upande wa Kaskazini katika vita vya wenyewe kwa wenyewe, akatekwa, akafa kifungoni Salisbury mwaka 1864, mwaka ule ule Tozer alipofika Unguja. Kwa hivyo skuli hizi mbili, moja Kiungani na moja Salisbury, zimetiliwa maji kutoka kisima kimoja.

Tarehe 27 Disemba 1892, vijana wa Biddle walikwenda Salisbury kucheza na vijana wa Livingstone. Huo ndio mchezo wa kwanza wa mpira kati ya vyuo viwili vya watu weusi Marekani. Mpira wao si kama wetu. Hushikwa mikononi na kukimbizwa, na aliyeubeba huangushwa chini. Biddle walikuwa wamejifunza mchezo huo miaka miwili kabla ya kuwaita wenzao. Livingstone hawakuwa na fedha, wakachanga wenyewe wakanunua mpira. Wakachukua viatu vyao vya kila siku wakavipigilia meno chini. Wasichana wa chuo waliokuwa wakijifunza kushona wakawashonea nguo za kuchezea. Kiwanja kilikuwa majani mbele ya chuo, na siku yenyewe theluji ilianguka mpaka mistari ya kiwanja ikafunikwa. Biddle wakapata alama zao. Kisha kijana wa Livingstone akauokota mpira uliomponyoka mpinzani, akakimbia nao mpaka mwisho. Biddle wakasema mpira ulikuwa umekwisha kutoka nje ya mstari. Mstari uko wapi? Uko chini ya theluji. Refa akawapa haki Biddle, na Biddle wakashinda.

Je, ya theluji na mstari tumeyajuaje? Tunayajua kwa sababu mmoja wa wachezaji wa Livingstone siku ile, W. J. Trent, aliishi akaja kuwa mkuu wa chuo hicho hicho, naye aliyakumbuka. Na mwaka 1930 habari ya mchezo ule iliandikwa katika chapisho la wanafunzi wa Livingstone. Si gazeti kubwa la mji. Ni chapisho la wanafunzi, kama hili unalolisoma.

Nirudi kwetu. Kiungani ilikuwa mahali pa kufundisha walimu na makasisi, kwa hivyo haikukaa na wanafunzi wake. Baada ya miaka ya mwanzo walikuja vijana wengine kutoka vituo vya misheni vya bara: Magila katika nchi ya Bonde, Masasi, upande wa Ruvuma, na Likoma katika ziwa Nyasa. Wakisha kusoma walirudishwa huko kufundisha, na mpira ulikwenda nao.

Hapa mjini jambo lilikuwa gumu kidogo. Wazee wa Kiislamu walikuwa na hofu na misheni, na hofu hiyo ilikuwa na msingi, maana misheni haikuficha kusudi lake. Mzazi wa Malindi au wa Ng'ambo hakutaka mtoto wake azoeane na Kiungani. Lakini mtoto hakatazwi kutazama, na mpira ni kitu cha kutazamwa. Serikali ilipoanzisha Idara ya Elimu mwaka 1907 na kuendesha skuli zake, mchezo ukapata mlango mwengine ambao wazazi hawakuuogopa sana. Uwanja wa Mnazi Mmoja, uliopo baina ya Mji Mkongwe na Ng'ambo, ukawa mahali pa kukutana, na chama cha mpira cha Zanzibar kinahesabu umri wake tangu mwaka 1926. Yaliyofuata yanajulikana na wengi: timu za mitaa, Malindi tangu mwaka 1942, Kombe la Gossage lililoanza baina ya Kenya na Uganda na sisi tukaingia katika miaka ya 1940, uwanja wa Amaan mwaka 1970, na ubingwa wa Afrika Mashariki na Kati mwaka 1995 ambao baba yangu akianza kuusimulia chakula hupoa.

Kiungani yenyewe haikuwapo tena mjini mambo hayo yalipopamba moto. Mwaka 1925 chuo kilihamishiwa bara, Minaki, karibu na Dar es Salaam, na skuli ya Minaki ipo mpaka leo, ni ya serikali.

Katika vitabu nilivyopewa kusoma, waliopata daraja kanisani wametajwa kwa majina yao. Wachezaji wametajwa kwa pamoja: vijana, wavulana, timu ya Kiungani. Nani alikuwa senta fowadi? Nani aliwapita mabaharia wawili kwa miguu mitupu? Mtu aliyekwisha kupoteza jina alilopewa na mama yake, akapewa jengine, akalipatia sifa kiwanjani, halafu likakosa kuandikwa. Nilipofika hapo nilimkumbuka yule kijana wa Kidato cha Kwanza, nikaona aibu upya.

Skuli ilipofunguliwa nilimtafuta dakhalia kabla sijafungua sanduku langu. Nikamwomba radhi, nikamwuliza jina lake, la baba yake na la babu yake, nikayaandika yote matatu. Jumatatu, kwa ruhusa ya mwalimu wa michezo, nikasoma mbele ya skuli nzima marekebisho ya habari ya muhula uliopita. Safari hii hakuna aliyecheka, isipokuwa yeye mwenyewe, kwa haya. Hapa silitaji jina lake kwa sababu amenikataza. Anasema lipo kwenye daftari, yatosha.

Daftari lina safu mbili mpya sasa: jina kamili na mahali mtu anapotoka. Nimeanza pia kurudi nyuma na kujaza kurasa za zamani, kazi ambayo ni ndefu kuliko nilivyodhani, kwani wengine wamekwisha kumaliza skuli na imenibidi niwaulize ndugu zao. Jumamosi iliyopita tulifungwa 3 kwa 1. Golikipa wetu alikuja kulitazama daftari, akaona nimeandika jina lake kamili na mtaa wake kando ya magoli yote matatu, akaniuliza kama kwa ukurasa ule mmoja nisingeweza kuandika "akiba".